Nani Atajua Kwamba Leo Hukutokea?

Mpenzi msikilizaji, wiki hii sitazungumzia bei ya nazi wala mvua zilizochelewa. Nataka nikusimulie jambo lililonipata mimi mwenyewe, tena nikiwa kazini, nimekaa mbele ya kipaza sauti kama nilivyokaa hivi sasa.

Ilikuwa siku ya Jumanne. Baada ya taarifa ya habari ya saa saba mchana nilikabidhiwa, kama ilivyo ada, karatasi za matangazo ya vifo. Zilikuwa tatu. Ya tatu ilimhusu mzee mmoja wa hapa Tanga mjini, mstaafu wa mashamba ya mkonge, aliyefariki hospitalini alfajiri ya siku ile. Nikasoma majina yake matatu, nikasoma majina ya watoto wake walioko Dar es Salaam na Morogoro na ya ndugu zake wa Kasulu, nikasoma kwamba maziko ni saa kumi alasiri na kwamba msiba uko nyumbani kwake. Nikamaliza kwa maneno tuliyoyazoea, nikampa ishara fundi mitambo, muziki ukaingia.

Tulipokuwa chuo cha uandishi wa habari walimu wetu walitukaririsha maswali ambayo kila habari lazima iyajibu: nani, nini, wapi, lini, kwa nini na vipi. Tangazo lile lilijibu karibu yote, na mimi niliyelisoma sikushtuka. Mtaa uliotajwa ulikuwa mtaa wetu, upande wa Ngamiani, hilo nililitambua. Lakini watu wa mtaa ni wengi, na namba za nyumba nani anazijua? Nikasema moyoni Mungu amrehemu, nikaendelea na kazi.

Nilipofika nyumbani mnamo saa tisa na nusu nilikuta mikeka imetandikwa barabarani, turubai limefungwa, na watu wamejaa kutoka pembe hadi pembe. Msiba ulikuwa mlango wa pili kutoka kwangu. Yule niliyemtaja redioni bila kukosea hata herufi moja ndiye mzee ambaye kwa miaka 6 nilikuwa nikimwamkia kila alfajiri, "Shikamoo mzee," naye akiniitikia, "Marahaba mwanangu, kazi njema." Miaka 6, na sikuwa nikilijua jina lake. Nimelijua nilipolisoma kwenye karatasi ya kifo chake.

Nikavua viatu, nikaketi mkekani. Nakiri kwamba jambo la kwanza lililonijia kichwani lilikuwa kumsikitikia marehemu. Nilidhani nimeishi jirani na mtu mpweke: mkewe alitangulia, watoto wako mbali, amebaki yeye na chumba chake na ufagio wa kufagilia kibaraza. Lakini kadiri nilivyozidi kukaa pale na kusikiliza, ndivyo nilivyotambua kwamba mpweke hakuwa yeye.

Wazee wa kijiwe cha kahawa kilichopo kwenye kona yetu ndio walionieleza. Marehemu alikuwa na ratiba kama ya treni. Akitoka kusali alfajiri anafagia mlangoni, anakwenda kijiweni, anakaa mwisho wa benchi upande wa ukutani, anakunywa vikombe viwili vya kahawa chungu na kashata moja, anasikiliza redio, na saa nne anaondoka. Alasiri anarudi kwa ajili ya dhumna. Jumamosi iliyotangulia msiba hakutokea. Ilipofika saa mbili asubuhi wazee wakaanza kutazamana. Saa mbili na nusu muuza kahawa akamtuma kijana akabishe hodi. Kijana akarudi mbio: mzee yuko chini, mdomo umekwenda upande, hawezi kusema. Wakampakia kwenye bajaji wakamkimbiza hospitali. Aliishi siku tatu zaidi, na katika siku hizo tatu watoto wake wote walifika, wakamshika mkono, akawatambua.

Hayo yalitokea mlango wa pili kutoka kwangu, siku ambayo mimi nilikuwa nimelala ndani nikipumzika baada ya zamu ya usiku. Sikusikia kitu.

Mzee mmoja wa pale kijiweni alinitazama sana, kisha akaniuliza: "Wewe ndiye wa redioni?"

Nikamjibu: "Naam, mzee, ndiye mimi."

"Basi sauti yako tunaijua siku nyingi, mwanangu. Sura ndiyo tulikuwa hatuijui."

Usiku ule nilijiuliza swali ambalo sijaacha kujiuliza hadi leo. Je, ningeanguka mimi? Mke wangu ni mwalimu, kazi yake iko Handeni, huja mwisho wa mwezi. Watoto wako shule za bweni. Kazini tunafanya zamu, na baada ya zamu ndefu mtu hupewa mapumziko. Kwa hesabu yangu ya haraka, mimi ambaye sauti yangu inasikika katika maelfu ya nyumba, ningekaa sakafuni hadi siku ya tatu ndipo mtu aanze kuuliza kulikoni. Mzee wa watu ambaye sauti yake haikuvuka kona ya mtaa alikosekana kwa saa mbili tu na mji ukamjia.

Mpenzi msikilizaji, hilo ndilo ninalotaka tulichambue leo. Tumezoea kusema kwamba maisha ya mjini ni ya upweke kwa sababu kila siku ni ileile: kuamka, kukimbilia daladala, kazi, kurudi, kula, kulala. Lawama zote tunazitupia ratiba. Lakini yule mzee alikuwa na ratiba kali kuliko yangu, na ratiba ile ndiyo iliyompa zile siku tatu. Kwa hiyo tatizo haliko katika kufanya mambo yaleyale kila siku. Tatizo ni kuwa na siku ambayo, kuanzia alfajiri hadi usiku, hakuna mahali hata pamoja ambapo mtu anakungoja.

Hapa inafaa tutenganishe mambo mawili. Kuwa peke yako si upweke. Mvuvi wa Sahare anaweza kukesha baharini na ngalawa yake asione mtu hadi kuche, na moyo wake ukawa umetulia kabisa. Kinyume chake, mtu anaweza kuwa katikati ya stendi ya Kange, amebanwa na abiria na wapiga debe, akajiona mkiwa. Upweke unaoumiza ni pengo kati ya watu ulio nao na watu unaowahitaji. Mtaalamu mmoja wa Marekani, John Cacioppo wa Chuo Kikuu cha Chicago, aliyefariki mwaka 2018, alitumia miaka mingi kuuchunguza. Alisema upweke ni kama njaa au kiu: mwili unakupa taarifa kwamba kuna kitu unakikosa. Njaa inakusukuma ukatafute chakula, upweke unakusukuma ukatafute watu.

Lakini kuna tofauti moja ya hatari. Mwenye njaa akikiona chakula hukikimbilia. Mpweke wa muda mrefu, akiwaona watu, mara nyingi huwaogopa. Cacioppo na wenzake walionyesha kwamba upweke ukikomaa humfanya mtu awe na tahadhari kupita kiasi. Usingizi wake unakatikakatika, na macho yake yanatafuta dharau hata pale isipokuwepo. Akisalimiwa kwa haraka, anaona amedharauliwa. Asipoalikwa, anaamini amesusiwa. Basi anajifungia, na kwa kujifungia upweke unazidi. Ndiyo maana kumwambia mtu wa namna hiyo "jichanganye na watu" ni sawa na kumwambia mwenye homa aache kutetemeka.

Wengi wetu tunaamini kwamba haya ni maradhi ya Ulaya. Tunasikia kwamba Uingereza iliteua waziri wa kushughulikia upweke mwaka 2018, na Japani ikafuata mwaka 2021, tunacheka na kusema wazungu wameishiwa. Sisi tuna ujamaa, tuna ukoo, tuna jirani. Mwezi Juni 2025 Shirika la Afya Duniani lilitoa ripoti ya tume yake kuhusu uhusiano wa watu katika jamii. Tume hiyo ilikuwa na wenyeviti wawili, daktari mmoja wa Marekani na mwanamama kutoka Umoja wa Afrika. Walisema kwamba mtu 1 kati ya 6 duniani anasumbuliwa na upweke, na kwamba upweke unahusishwa na vifo zaidi ya 871,000 kila mwaka, yaani takriban vifo 100 kila saa. Kubwa zaidi ni hili: katika nchi zenye kipato cha chini waliosema ni wapweke walikuwa kama asilimia 24, na katika nchi tajiri asilimia 11. Kicheko chetu kilikuwa cha mapema.

Sasa turudi nyumbani Tanga, maana hapa kwetu kuna somo ambalo tumelisahau. Tanga haijapata kuwa mji wa ukoo mmoja. Ni mji wa wageni. Tunaitwa "waja leo", na watani wetu wanaongeza kwamba kuja ni leo, kuondoka ni majaliwa. Sababu kubwa ya wageni hao ilikuwa mkonge, ulioletwa mwaka 1893 na Mjerumani Richard Hindorf. Reli kutoka Tanga ilifika Moshi mwaka 1911, na kandokando yake mashamba yakaenea Muheza, Korogwe na kwingineko. Mwaka 1964 Tanganyika na Zanzibar zilipoungana, nchi hii ilikuwa ikitoa takriban tani 230,000 za mkonge kwa mwaka, na hapakuwa na nchi nyingine duniani iliyotupita.

Mkonge huo ulikatwa na mikono ya watu wa mbali: Wanyamwezi, Waha, Wabena, Wangoni, Wamakonde kutoka ng'ambo ya Ruvuma, Warundi. Kuanzia mwaka 1944 kulikuwa na ofisi maalumu ya wenye mashamba, iliyojulikana kama SILABU, ya kuwaandikisha na kuwasafirisha. Kila mmoja alipewa namba, ndiyo asili ya jina manamba. Jirani yangu, kwa maelezo ya mwanawe, alikuwa mmoja wao. Alitoka Kasulu mwaka 1955 akiwa kijana wa miaka 18, akapanda treni Kigoma, kisha lori, akashushwa shambani njia ya Muheza, mahali ambapo hakuwa na mjomba wala shangazi.

Kazi ilipimwa kwa kadi iliyoitwa kipande. Kadi ilikuwa na nafasi za siku 30 za kazi, na mfanyakazi alitakiwa azijaze ndani ya siku 42. Siku uliyomaliza kazi yako inaandikwa, siku uliyougua au kukimbia haiandikwi. Hebu fikiria, mpenzi msikilizaji: mtu hana jina, ana namba, na maisha yake yamegawanywa katika vijisanduku 30 ambavyo ndani yake hamna ndugu, hamna rafiki, hamna chochote isipokuwa majani ya mkonge. Kama kuna watu waliokuwa na haki ya kufa kwa upweke, ni wale.

Walifanya nini? Hawakuketi kungoja wenyeji wawaonee huruma. Walijitengenezea vyombo. Cha kwanza walikuja nacho tayari, nacho ni utani. Utani wa makabila haukuwa mzaha mtupu. Ulikuwa ni namna ya msafiri kufika ugenini akawa na mtu wa kumtania, wa kumpa chakula na, akifa, wa kusimamia maziko yake. Mtu mwenye watani hakuwa mkiwa hata akiwa amefika jana.

Chombo cha pili kilikuwa ngoma. Tangu miaka ya mwanzo ya karne ya 20 pwani yote, kuanzia Lamu na Mombasa hadi Tanga na Dar es Salaam, ilivuma ngoma ya beni, yenye tarumbeta na gwaride kama la askari. Kulikuwa na pande mbili mashuhuri, Marini na Arinoti. Marini kwa kawaida walikuwa watu waliojiona ndio wa mjini, na katika Arinoti walijaa wageni wa bara. Leo tukisikia habari za beni tunadhani ni starehe tu, watu wakijiita Kingi na Jenerali. Lakini nyuma ya vyeo vile kulikuwa na chama. Mwanachama akiugua anatazamwa, akifa anazikwa, na akihamia mji mwingine anapokewa na wenzake wa upande wake kama ndugu. Kibarua aliyekuwa namba shambani alikuwa Kapteni Jumapili.

Baadaye zikaja bendi na vikundi vya taarab. Vijana wa miaka ya 1960 na 1970 wanaikumbuka Tanga ya Jamhuri Jazz na Atomic Jazz, na Tanga ya Black Star na Lucky Star, ambako Bi Shakila Said aliimba kabla ya kuhamia Dar es Salaam. Vikundi vile vilikuwa vilabu kwa maana halisi ya neno: vilikuwa na nyumba, wanachama, wapenzi na siku za kukutana.

Chombo cha tatu kilikuwa nyumba yenyewe. Nyumba ya Kiswahili tunayoijua hapa Ngamiani, katika zile barabara zetu zenye namba, ina ukumbi katikati, vyumba kulia na kushoto, uani wa pamoja nyuma na kibaraza mbele. Huwezi kwenda kuoga bila kumpita mtu. Huwezi kupika bila mwenzako kujua umepika nini, na usipopika atajua pia. Katikati ya miaka ya 1960 TANU ikaongeza mabalozi wa nyumba kumi kumi, na balozi alijua nani amelala wapi na nani hajaonekana tangu juzi.

Tukiviangalia vyombo hivyo vyote, tutaona vina sifa moja inayofanana. Kila kimoja kilikuwa na mahali pake na saa yake. Hakuna aliyeambiwa "tutatafutana". Ngoma ni Jumapili, uwanja ni ule. Kahawa ni baada ya alfajiri, benchi ni lile. Watu walikutana kwa sababu walikuwa wakipita palepale wakati uleule, si kwa sababu walipeana miadi. Urafiki ulikuja wenyewe, kama kutu inavyokuja kwenye chuma kilichoachwa nje.

Ni nini basi kilichotokea? Hapana mtu mmoja wa kumlaumu. Mkonge ulianguka, na kufikia mwishoni mwa miaka ya 1990 nchi nzima ilikuwa ikitoa tani kama 20,000 tu. Mashamba yakawa vichaka na kambi zikabaki magofu. Kiwanda cha mbolea kilifungwa mwanzoni mwa miaka hiyohiyo, na si hicho peke yake. Mahali ambapo mamia ya watu waliingia na kutoka kwa king'ora kimoja, sasa kila mtu anahangaika na lake: huyu bodaboda, huyu genge, huyu fundi simu, kila mmoja na saa zake. Televisheni za binafsi zilianza Tanzania Bara mwaka 1994. Mwanzoni tulijaa watu 20 sebuleni kwa mwenye nayo, baadaye kila nyumba ikapata yake, na leo kila mtu ana yake mkononi. Mji nao umekua. Tulikuwa kama watu 273,000 katika sensa ya mwaka 2012, na zaidi ya 390,000 katika sensa ya mwaka 2022. Wageni wanaendelea kuja, lakini beni ya kuwapokea haipo.

Na nyumba zimebadilika. Hii ninayoishi mimi ilikuwa nyumba ya Kiswahili kama nyingine. Mwenye nyumba, Mungu ampe heri, aliitengeneza. Uani akaugawa kwa kuta, kila mpangaji akapata choo chake na jiko lake, na kibaraza cha mbele akakizungushia nondo kwa kuogopa wezi. Sisi wapangaji tulifurahi na kodi ikapanda. Hakuna hata mmoja wetu aliyelalamika kwamba ameondolewa mahali pa kukalia.

Lazima tuwe wakweli hapa. Sisemi kwamba zamani ilikuwa peponi. Choo cha watu 12 si cha kutamaniwa. Mama zetu walioamka usiku kupanga ndoo kwenye bomba la mtaa hawana hamu ya kurudi huko, na maji kufika ndani ya nyumba ni neema. Maisha ya uani yalikuwa na umbeya wake, ugomvi wake na macho yasiyolala, na wako waliokimbilia nyumba za geti ili tu wapate kupumua. Kila kitu tulichokipata kilikuwa kizuri kwa nafasi yake. Kosa letu ni kwamba ndoo ilipoondoka, iliondoka na mazungumzo ya kwenye foleni, nasi hatukuweka kitu kingine mahali pake. Tulidhani mazungumzo yatajileta yenyewe.

Hayakujileta, na wanaoumia ni wengi kuliko tunavyofikiri. Yuko kijana aliyetoka Lushoto au Pangani kuja kutafuta kazi, amepanga chumba Mikanjuni, ana marafiki mia tano katika simu na hana mtu wa kumwazima kibiriti. Yuko mama aliyeolewa akaletwa nyumba yenye ukuta mrefu, mumewe hutoka alfajiri na kurudi usiku, na mchana kutwa anaongea na mtoto asiyejua kusema. Yuko mstaafu aliyezoea kuitwa bosi, ambaye siku alipokabidhi ofisi simu nayo ilinyamaza. Na yuko mtangazaji wa redio anayewaambia watu wote "mpenzi msikilizaji", kisha anakula wali wa kununua akiwa amesimama jikoni.

Nini kifanyike? Sitakuambia "tupendane", kwa sababu kila mtu anajua hivyo na hakuna kinachobadilika. Nakwambia jambo dogo zaidi. Chukua siku yako uitazame kama kile kipande cha manamba, kisanduku kwa kisanduku. Tafuta kisanduku kimoja ambacho unaweza kukiweka mahali pamoja, saa ileile, penye watu walewale. Inaweza kuwa msikitini, na usiondoke mara tu imamu anapotoa salamu. Inaweza kuwa jumuiya ndogo ya kanisani, upatu, VICOBA, benchi la kahawa, au mama muuza vitumbua ambaye utakunywa chai kwake badala ya kufunga na kuondoka. Usianze kwa kutafuta rafiki. Anza kwa kutafuta mahali ambapo kutokuwepo kwako kutaonekana.

Na wenye nyumba, na wanaopanga miji yetu, nao wana sehemu yao. Kibaraza si mapambo, na uwanja wa mtaa si kiwanja kinachongoja kuuzwa. Tukijenga mtaa mzima wa kuta na mageti bila hata mti mmoja wenye benchi chini yake, tusishangae tukizikana kwa matangazo.

Kuhusu mimi mwenyewe, baada ya hitima ya yule mzee nilianza kupita kijiweni saa moja na nusu usiku, nikitoka kazini. Ukweli ni kwamba wiki ya kwanza ilikuwa ngumu. Nilikaa kama mgeni wa ukweni. Mazungumzo yalikuwa ya watu nisiowajua na dhumna nilifungwa kila mchezo. Siku ya nne nilitaka kuacha, nikajiambia nimechoka na kesho nina zamu ya alfajiri. Nikaenda hivyo hivyo. Hawakunipa nafasi ya marehemu mwisho wa benchi, na sikuitaka. Nilipewa upande wa barabarani, panapopita vumbi.

Mwezi uliopita kulikuwa na hitilafu ya mitambo, tukakwama studio hadi saa tatu kasoro. Saa mbili na robo simu yangu ikalia. Alikuwa muuza kahawa.

"Bwana mtangazaji, wazee wanauliza, u mzima?"

Nikamwambia ni mzima, ni kazi tu.

"Haya, basi. Tulitaka kujua tu." Akakata simu.

Mpenzi msikilizaji, nimepata barua nyingi za pongezi katika kazi hii, lakini sijui kama kuna iliyonigusa kama simu ile ya nusu dakika. Na wewe jiulize leo kabla hujalala: kesho usipotokea, ni nani atakayejua, na atajua saa ngapi?

Hadi wiki ijayo, panapo majaliwa, nakutakia jioni njema.